Kabla Hujamjazia Samaki Maji ya Bomba

Leo nazungumzia samaki wa mapambo, wale wanaofugwa ndani ya tangi la kioo sebuleni, kwenye mapokezi ya hoteli, au pale unapoketi kumsubiri daktari wa meno. Nina hoja moja na nitaishikilia mpaka mwisho. Wengi wa samaki hawa hawauawi na maradhi, wala na njaa, wala na mtu asiyewajali. Wanakufa kwa sababu ya usafi, na anayewaua ni yuleyule anayewapenda.

Hebu tuitazame siku yenyewe. Ni Jumamosi. Kioo kimeota ukungu wa kijani na maji yameanza kunuka kidogo. Watoto wanaitwa. Samaki wanatekwa kwa kikombe na kutiwa kwenye bakuli, maji yote yanamwagwa, kioo kinasuguliwa mpaka kinang'aa. Changarawe zinaoshwa kwa maji yanayotiririka, sponji ya chujio inakamuliwa chini ya bomba mpaka haitoi tena rangi. Kisha mpira unachomekwa bombani, tangi linajazwa hadi juu, samaki wanarudishwa nyumbani kwao. Linapendeza. Ikifika jioni samaki wamepanda juu, vinywa wazi, wanahema upesiupesi. Mmoja anajisugua kwenye mawe, mwingine anakimbia huku na huko na kujigonga kwenye kioo. Kukicha, wawili watatu wanaelea ubavu, na nyumba nzima inamlaumu muuzaji kwamba aliwauzia samaki wagonjwa.

Muuzaji hana hatia. Sehemu ya msiba ule ilitoka bombani, na sehemu ilitokana na bidii ya kusugua.

Tuanze na bomba. Wakazi wa Dar es Salaam maji yao kwa sehemu kubwa hutoka Mto Ruvu, na husafishwa katika mitambo ya Ruvu Juu na Ruvu Chini kabla ya kusukumwa kuja mjini. Huko mtamboni, baada ya kutuama na kuchujwa, maji hutiwa klorini. Hii ni dawa ya ukoo mmoja na jiki tunayofulia mashuka meupe, ila kwa kiasi kidogo sana. Na haitiwi iishe palepale mtamboni. Inatakiwa ibaki kidogo njiani, kwa sababu bomba lina safari ndefu, lina viungo vinavyovuja, na presha ikishuka wakati wa mgao, maji machafu ya ardhini hupenya ndani. Ile klorini iliyobaki ndiyo inayoviua vijidudu vilivyoingia njiani. Shirika la Afya Duniani linashauri maji yakimfikia mtumiaji yawe bado na klorini isiyopungua miligramu 0.2 katika kila lita, na hata yakiwa na miligramu 5 bado yanahesabiwa kuwa salama kwa mtu kunywa.

Naomba nieleweke vizuri hapa. Kuna wafugaji wa samaki wanaoisema klorini kama adui. Mimi sikubaliani nao hata kidogo. Mji wa Lincoln kule Uingereza ulianza kuitia katika maji yake mwaka 1905 baada ya homa ya matumbo kuwashambulia watu, na Jersey City ya Marekani ikafuata mwaka 1908. Tangu hapo maisha yaliyookolewa duniani hayahesabiki. Sisi tunaoishi katika miji iliyozika watu kwa kipindupindu hatuna haki ya kuinung'unikia. Klorini ibaki bombani. Kazi ya kuiondoa ni yetu, ndani ya ndoo, kabla maji hayajamfikia samaki.

Sasa kwa nini maji yanayomfaa mtoto wako mchanga yamuue samaki? Mtu akinywa maji, klorini ile ndogo humalizikia kinywani na tumboni, ikikutana na mate na chakula, haijafika kwenye damu. Samaki hana kinga hiyo. Yeye hupitisha maji juu ya matamvua kila dakika, usiku na mchana, na matamvua ni utando mwembamba mno: upande huu maji, upande wa pili damu. Klorini inauunguza utando huo. Matamvua yanavimba, yanatoa ute mzito, na oksijeni inashindwa kupita. Ndiyo maana unamwona samaki anahema juu ya maji ilhali pampu ya hewa inafanya kazi na mapovu yamejaa. Hewa ipo, ila mlango wake umeungua. Na kiasi kinachotosha kuleta madhara hayo ni kidogo: miligramu 0.1 tu kwa lita huwadhuru samaki wengi, na kwa wadogo inaweza kuwa mauti wakikaa humo muda mrefu.

Ukitaka ushahidi kutoka kwa binadamu mwenyewe, nenda hospitali penye mashine za kusafisha damu za wagonjwa wa figo. Mgonjwa yule anaweza kunywa maji ya bomba nyumbani kwake bila shida yoyote. Lakini kwenye mashine, damu yake hupita upande mmoja wa utando mwembamba na maji hupita upande wa pili, na hapo klorini ni hatari kwa uhai wake. Kwa hiyo hospitali hupitisha maji ya bomba kwenye mkaa maalumu kuiondoa kwanza. Samaki wako anaishi katika hali ile ya mashine saa 24, siku zote za maisha yake.

Njia ya kwanza ya kuiondoa klorini haina gharama: ni kusubiri. Jaza maji kwenye ndoo au beseni, acha wazi siku moja hadi mbili, na klorini itapanda hewani yenyewe. Chombo chenye mdomo mpana ni bora, maana hewa inagusa maji mengi zaidi. Dumu la mdomo mwembamba lililofungwa kifuniko halisaidii. Unaweza kulihifadhi siku kadhaa na ukakuta klorini bado imo. Ukitia pampu ya hewa ndani ya ndoo, kazi huenda haraka. Ukiiweka ndoo juani, haraka zaidi, kwa sababu mwanga wa jua huivunja klorini kwa muda wa saa chache tu. Ila usiyapeleke maji kwa samaki yakiwa bado na joto la jua. Na ndoo hiyo uifunike kwa kipande cha chandarua. Dar es Salaam tumeugua homa ya dengue mwaka 2014 na tena mwaka 2019, na mbu wake hupenda hasa maji safi yaliyotulia kwenye vyombo vya nyumbani. Ndoo ya samaki isiwe kitalu cha mbu.

Kuchemsha nako huondoa klorini, lakini huondoa pia hewa iliyomo ndani ya maji. Maji yaliyochemshwa lazima yapoe kabisa kisha yakorogwe au yatiwe pampu. Kwa tangi kubwa ni kupoteza mkaa na gesi bure, sioni sababu.

Njia ya pili ni dawa. Katika maduka ya samaki zinauzwa chupa ndogo za kuondoa klorini, na nyingi, ukiondoa rangi na majina makubwa yaliyoandikwa juu, kiini chake ni kemikali moja iitwayo sodiamu thiosulfeti. Wapiga picha wa zamani, waliosafisha picha katika vyumba vya giza, waliijua vizuri. Ndiyo waliyotumia kuikaza picha isiharibiwe tena na mwanga. Ni chembechembe nyeupe mithili ya sukari, na kwa wauza kemikali za maabara bei yake ni ndogo. Hesabu yake ni hii: kila miligramu moja ya klorini inahitaji takriban miligramu 7 za thiosulfeti. Yeyusha gramu 10 katika mililita 100 za maji. Kwa ndoo ya lita 20, chota mililita 3 za mchanganyiko huo kwa bomba la sindano, tia, koroga. Kipimo hicho kinamaliza klorini hata ikiwa imefika miligramu 2 kwa lita, ambayo ni nyingi kuliko maji ya kawaida ya bomba. Inafanya kazi ndani ya dakika chache. Chupa yake iandikwe jina kwa herufi kubwa, ikae mahali pa giza, mbali na watoto.

Vitamini C nayo inaweza. Miligramu 50 za poda safi zinatosha ndoo ya lita 20 yenye klorini ya miligramu 1 kwa lita. Nimesema poda safi. Vile vidonge vya kuyeyuka vyenye ladha ya chungwa vina sukari, rangi na chumvi ambazo samaki hazihitaji.

Msikilizaji unayetusikiliza ukiwa ughaibuni, hasa Marekani, wewe una jambo la ziada. Miji mingi huko haitumii klorini peke yake. Huichanganya na amonia kupata kloramini, kwa sababu kloramini hudumu muda mrefu bombani. Sifa hiyo hiyo ndiyo balaa kwa mfugaji. Ndoo ikae wazi siku mbili, kloramini bado imo. Nayo hupita kwenye matamvua mpaka ndani ya damu na kuiharibu ile hemoglobini inayobeba oksijeni. Hapo kusubiri hakufai. Tumia dawa, na ujue kwamba thiosulfeti ikishavunja kloramini, amonia inabaki majini, kwa hiyo chujio la tangi lazima liwe hai na lenye nguvu. Iulize mamlaka ya maji ya mji wako inatia nini. Wanajibu, na wengi wameandika wazi katika taarifa zao za kila mwaka.

Ukitaka kuwa na uhakika badala ya kubahatisha, pima. Vipimo vinavyotumiwa kwenye mabwawa ya kuogelea vinafaa: unatia dawa ndani ya kichupa cha maji, yakigeuka waridi klorini ipo, na kadiri rangi inavyokolea ndivyo ilivyo nyingi. Kipimo kina maana hasa nyakati za mvua kubwa, kwani mto ukichafuka mtambo hulazimika kuongeza dawa, na baada ya matengenezo ya bomba kuu, ambapo mafundi husafisha bomba kwa klorini kali. Siku ukifungua bomba ukasikia harufu ya jiki, samaki wako wasiguswe na maji yale bila dawa.

Sasa nirudi kwenye kusugua, kwa sababu hapa ndipo wengi wanaojua habari za klorini bado wanapopoteza samaki.

Samaki anakojoa na kunya ndani ya maji anayoyavuta, na matamvua yake hutoa amonia saa zote. Amonia ni sumu. Katika ziwa au mto inatawanyika. Katika tangi la lita 60 haina pa kwenda. Kinachomwokoa samaki ni bakteria wasioonekana, wanaojishikiza kwenye sponji, kwenye changarawe na kwenye kuta za tangi. Kundi moja huigeuza amonia kuwa naitriti, ambayo bado ni sumu. Kundi jingine huigeuza naitriti kuwa naitreti, ambayo samaki anaistahimili kwa kiasi kikubwa zaidi. Bakteria hawa huchukua mwezi mmoja hadi mwezi na nusu kujenga idadi ya kutosha. Na ukiikamua sponji chini ya bomba, klorini inawaua kwa dakika chache, kwa sababu kuua bakteria ndiyo kazi iliyotengenezewa. Tangi linabaki linang'aa, halina anayeondoa sumu. Samaki waliookoka siku ya kwanza wanakufa siku ya tatu au ya nne, na mwenye nyumba hawezi tena kuunganisha kifo hicho na usafi wake.

Kwa hiyo sponji isuuzwe kwenye beseni la maji yaliyotoka ndani ya tangi lenyewe, taratibu, itoke tope tu. Changarawe zisiondolewe zote. Na maji yasimwagwe yote. Robo ya maji kila wiki inatosha tangi lisilojazana samaki.

Kuna hatari nyingine katika kubadilisha maji yote ambayo naona haisemwi vya kutosha. Tangi lililoachwa miezi bila kubadilishwa maji huwa na asidi polepole. Katika maji yenye asidi, amonia inabadilika umbo na makali yake hupungua. Kwa kipimo cha pH 7, chini ya asilimia moja tu ndiyo iliyo katika umbo la sumu kali. Kwenye pH 9 inazidi thuluthi. Sasa mtu anakuja na maji mapya ya bomba au ya kisima, yenye pH ya juu, anajaza tangi ambalo changarawe zake bado zimejaa uchafu wa miezi. Ile amonia iliyokuwa imelala inaamka kwa saa moja. Klorini aliiondoa vizuri, joto alilipima, na samaki wanakufa vilevile. Tangi lililozembewa lirudishwe hali yake kidogo kidogo: sehemu moja ya kumi leo, nyingine keshokutwa, mpaka wiki mbili tatu ziishe.

Wengi wetu hatutegemei bomba peke yake. Tuna simtanki juu ya paa, tuna kisima uani, tunanunua maji ya boza. Maji yaliyokaa kwenye tangi la paa yanaweza kuwa yamepungukiwa klorini, lakini tangi limefungwa na ndani ni giza. Usilitegemee, pima au tia dawa. Maji ya kisima kirefu hayana klorini, na watu hudhani basi ni salama moja kwa moja. Hayo hutoka ardhini yakiwa na oksijeni kidogo na gesi ya kaboni nyingi, hivyo yapige pampu ya hewa usiku mzima kwanza. Yakigeuka kahawia yakikaa, yana chuma. Yaache yatuame uchote ya juu. Kisima kilicho karibu na mashimo ya vyoo huwa na naitreti hata kama maji yake yanaonekana meupe pe. Na kwa sisi wa pwani, visima vingi vina chumvi. Samaki aina ya moli na gapi wanaistahimili chumvi kidogo, wengine haiwafai. Maji ya boza, muulize dereva ameyachota wapi. Maji ya mvua yaliyovunwa kwenye bati hayana klorini wala chumvi, lakini hayana pia madini ya kuizuia pH isiyumbe. Changanya na ya bomba, na usikinge mvua ya kwanza inayoosha vumbi na kinyesi cha ndege.

Na kuna dawa ya kutibu maji ya kunywa, ya chupa au vidonge, ambayo familia nyingi hutia kwenye ndoo ya jikoni. Maji hayo ni mazuri kwa watu. Ni klorini. Mtoto asichote kwenye ndoo ile kwenda kuongeza maji ya samaki, jambo ambalo hutokea kwa urahisi sana kwa sababu ameambiwa hayo ndiyo maji safi kuliko yote nyumbani.

Hapo sijagusa tofauti ya maji ya mji na mji. Nairobi hupata maji mengi kutoka Bwawa la Ndakaini, maji ya milimani, laini, yenye madini machache. Zanzibar maji yake yamepita katika miamba ya chokaa, ni magumu. Samaki wadogo wa Amazon wanaong'aa kwa bluu na nyekundu hupenda maji laini yenye asidi kidogo. Samaki wa Ziwa Tanganyika, wale wenye mistari na rangi ambao kwa miongo mingi wamevuliwa wakiwa hai Kigoma na Burundi kupelekwa Ulaya, Marekani na Japani, hupenda maji magumu yenye pH inayokaribia 9. Mjerumani anayewafuga hununua madini ya kuyafanya maji yake yafanane na ya Kigoma. Mtu wa Unguja mwenye maji ya chokaa bombani ameshapiga nusu ya hatua bila kutumia senti, nami huona uchungu kwamba samaki hawa wazuri wa kwetu wanajulikana zaidi kwenye masebule ya ugenini.

Siku ya kutia maji mapya, hakikisha joto lake linalingana na la tangi. Shika ndoo kwa mkono mmoja na tangi kwa mwingine, au bora zaidi tumia kipimajoto. Mimina polepole. Kumbuka pia kwamba maji ya nyuzi 20 yanaweza kubeba oksijeni miligramu 9 kwa lita, na ya nyuzi 30 hayafiki 8, hivyo katika joto la pwani samaki aliyeumia matamvua hana akiba ya kumvusha.

Haya yote yanawahusu pia ninyi mliochimba mabwawa ya turubai nyuma ya nyumba mkifuga sato na kambale. Vifaranga ni ghali. Kambale ana uwezo wa kuvuta hewa ya juu, lakini matamvua na ngozi yake haviwezi kuzuia klorini isimuunguze. Bwawa lililojazwa maji ya bomba likae wazi juani siku mbili tatu na lipimwe kabla kifaranga hata mmoja hajatiwa.

Nimalizie kwa ombi, na ninalielekeza kwa wauza samaki wa mapambo kote nchini. Mteja anapokuja na mtoto wake, amevutiwa na samaki wa dhahabu ndani ya mfuko wa plastiki, msimpe samaki kabla hamjamuuliza maji yake yanatoka wapi. Mwambieni ajaze ndoo leo, aje kumchukua samaki keshokutwa. Mtapoteza mauzo ya siku moja, na mteja huyo atarudi kununua chakula kwa miaka.